Barua kwa mwanangu: Mwalimu wa watoto wadogo bungeni

Mwanangu,

Ujumbe wako nimeusoma. Unasema wenzako hapo Dayton wanakusukuma ugombee bunge la jimbo la Ohio, nawe unauliza mwalimu wa chekechea atakwenda kusema nini mbele ya mawakili na wafanyabiashara. Ngoja nikusimulie habari za Shirley Chisholm. Wengi wanamkumbuka kwa kugombea urais wa Marekani mwaka 1972. Mimi navutiwa na miaka yake minne ya bunge la jimbo la New York, kule Albany, ambayo watu huiruka.

Alizaliwa Brooklyn mwaka 1924. Baba yake, mzaliwa wa Guyana, alikuwa mfanyakazi wa kiwandani. Mama yake alitoka Barbados; alishona nguo na kufanya kazi za ndani. Hali ilipowabana, mtoto akapelekwa kwa bibi yake Barbados, akasoma huko hadi 1934, na lafudhi ya kule haikumtoka maisha yake yote. (Kwa hiyo hofu yako ya lafudhi iweke kando.) Alipohitimu Chuo cha Brooklyn mwaka 1946 alifundisha watoto wadogo Harlem huku akisomea shahada ya uzamili Chuo Kikuu cha Columbia, kisha akawa mkuu wa kituo cha kulelea watoto Manhattan.

Siasa hakuiingia kwa kishindo. Alianzia kwenye klabu ya chama mtaani kwake, na unajua wanawake walipewa kazi gani? Kupamba maboksi ya sigara ya kuwekea tiketi za bahati nasibu, klabu ipate fedha. Akapamba, lakini akawachochea wenzake wadai watengewe bajeti, wasiwe wanajitolea mifukoni mwao. Wakubwa hawakufurahi hata kidogo. Mwaka 1964 mbunge wa eneo lile alipokwenda kuwa jaji, Shirley akagombea kiti, akashinda.

Sasa tazama alichokwenda kukipigania. Wafanyakazi wa ndani waingizwe kwenye bima ya kukosa ajira: huyo ni mama yake. Mwalimu aliyekatiza kazi kwa ujauzito asipoteze haki ya ajira ya kudumu akirudi. Wenzangu niliofundisha nao wangeielewa sheria hiyo bila kufafanuliwa. Na mwaka 1966 ukaanzishwa mpango wa SEEK, wa kuwaingiza vijana wa familia maskini Chuo Kikuu cha Jiji la New York na kuwapa masomo ya kuziba mapengo ya shule walizotoka. Mpango huo upo mpaka leo. Wakili angeweza kuziandika sheria hizo vizuri kuliko yeye. Sidhani kama angezifikiria.

Ila yeye hakuwa na watoto, wewe unao wawili. Hapo habari za Albany hazina la kukusaidia. Dayton hadi Columbus, liliko bunge lenu, ni mwendo, na vikao haviangalii kama mtoto ana homa. Kabla hujajaza fomu, kaa na mumeo mpange, tena mwandike. Baba yako ameshatangaza mtaa mzima kwamba anakuja kulea wajukuu. Usimtegemee; hata pasipoti hajaomba.

Mama yako