Sheela: anza na Chemmeen

Kwa uliyeuliza uanze na filamu gani ya Sheela, yule mwigizaji wa zamani wa Kerala, jimbo la kusini mwa India: anza na Chemmeen ya 1965, usihangaike. Jina maana yake kamba (wa baharini, si wa kufungia mizigo). Sheela anaigiza Karuthamma, binti wa mvuvi anayempenda Pareekutty, mfanyabiashara Mwislamu, lakini anaozwa kwa mvuvi mwingine, Palani. Pwani ile waliamini kwamba mume akiwa baharini, uhai wake unategemea uaminifu wa mkewe; mke akiteleza, bahari inamchukua mume. Sheela anaibeba hofu hiyo yote machoni, bila makelele. Ndiyo filamu ya kwanza ya kusini mwa India kupata medali ya dhahabu ya Rais, tuzo ya taifa ya filamu bora India.

Wengi watakutajia zile alizocheza na mwigizaji mwenzake Prem Nazir, zaidi ya mia moja. Nyingi ni za kupitishia jioni tu. Mimi ningeruka hadi Kallichellamma (1969), iliyompa tuzo ya jimbo. Halafu Manassinakkare ya 2003: aliporudi baada ya kutoweka miaka mingi, safari hii akiwa bibi mjane, na bado hamwachii mtu skrini.