Maswali na Majibu: Konokono wa Sumu Miambani

Bamvua limefika, na maswali kuhusu konokono wa umbo la pia, wale wa jenasi ya Conus, yamefika nalo. Nimechagua yanayowagusa wengi.

Nimeokota kombe zuri, lina mapambo ya kahawia. Je, ni lile la sumu? (Msomaji, Jambiani)

Swali hili huja kila mara, na kila mara halisemi ukubwa, umbo wala mdomo wa kombe. Rangi peke yake haitoshi. Konokono akiwa hai, kombe lake hufunikwa na ngozi nyembamba ya kahawia, na mapambo yale ya kwenye picha mara nyingi hayaonekani. Tazama umbo: pana juu, linachongoka kuelekea chini, na mdomo ni ufa mwembamba unaokwenda karibu urefu wote wa kombe. Kauri ana umbo la yai na meno pande zote mbili za ufa; huyo si miongoni mwao. Ukiona pia yenye ufa, hesabu kuwa ana sumu, kwa sababu wote wanayo, na duniani ziko aina zaidi ya 700.

Wa kuogopwa kuliko wote ni Conus geographus. Kombe lake ni jembamba na jepesi, mdomo wake hupanuka kuelekea chini, na urefu unaweza kufika sentimita 15. Huyu hula samaki. Wa pili ni Conus textile, aliyejaa pembetatu nyeupe juu ya rangi ya kahawia. Hula konokono wenzake. Na safari nyingine, bwana, uliza kabla hujaokota.

Wazee wanasema ukimshika upande mpana hakufikii. Kweli? (Nungwi)

Si kweli. Mkonga wake hutokea upande mwembamba, lakini hurefuka, hupinda, na hufika sehemu kubwa ya kombe lake mwenyewe. Silaha yake ni jino lenye tundu ndani na ndoana nchani, linalosukumiwa sumu kutoka nyuma. Hulitumia mara moja tu, ila mengine yapo tayari mfukoni mwake. Kwa hiyo anayesema "ameshachoma, sasa hana kitu" naye amekosea.

Glavu je?

Jino hupenya glavu nyembamba na nguo. Usimshike.

Mtu akichomwa na hospitali iko mbali, tufanye nini? Huku kwetu hukatwa kwa wembe damu itoke. (Kojani)

Uacheni wembe. Kukata hakutoi sumu, kunaongeza jeraha. Kunyonya na kupaka dawa za majani havisaidii pia. Kamba ya kukaba mkono au mguu ni mbaya zaidi: damu haipiti na nyama hufa.

Mtoeni majini kwanza, maana anayepooza huzama hata kwenye maji ya magoti. Alale, asitembee, hata akisema haumwi. Kuchoma kwa Conus geographus kunaweza kuwa na maumivu madogo tu, na hapo ndipo watu hudanganyika. Misuli inapofanya kazi, sumu husambaa upesi. Fungeni bendeji pana ya kuvutika juu ya jeraha, kisha zungusheni kutoka vidoleni kupanda hadi kwapani au kwenye paja juu kabisa. Hamna bendeji? Chaneni kanga vipande vya upana wa kiganja. Mkazo uwe ule wa kufunga mguu ulioteguka: ncha za vidole zibaki na joto. Tieni gango, ubao au mti wowote ulionyooka, ili kiungo kisikunjwe. Andikeni saa aliyochomwa, na bendeji isifunguliwe njiani.

Dalili huanza na ganzi kwenye jeraha, halafu midomo. Kope hulegea, mtu huona mbilimbili, kauli huwa nzito, kumeza kunashindikana, mwisho pumzi. Kifo huja kwa misuli ya kupumua kupooza, na kinaweza kuja ndani ya saa chache. Hakuna dawa ya kuipinga sumu hii. Kinachookoa ni kupumuliwa, mdomo kwa mdomo ikibidi, bila kukatiza, mpaka hospitali yenye mashine ya kupumulia. Mgonjwa anaweza kusikia kila neno na asiweze kufumbua macho. Msimlilie kama maiti. Sumu huisha nguvu, na aliyepumuliwa vizuri anaweza kurudi mzima.

Msisubiri dalili. Na kwa kuwa mambo haya hutokea maji yakiwa yamekupwa na vyombo vimelala mchangani, msisubiri maji kujaa. Mbebeni mpaka penye chombo kinachoelea. Maji ya moto mliyozoea kwa mwiba wa taa hayazuii kupooza huku.

Wapo wadogo weupe wenye madoa meusi ya mraba, wamejaa kwenye mwamba wetu. Nao? (Makunduchi)

Hao ni Conus ebraeus, wengi wao sentimita 3 au 4. Hula minyoo ya baharini, na kuchoma kwao hakujulikani kuua. Lakini mtoto akizoea kuwachezea hao, atamshika na yule mwingine. Watoto wa aina kubwa nao huwa wadogo.

Wanaliwa?

Tondo na chaza wapo. Mwacheni.

Nasikia sumu yake ni dawa ghali. Niuze wapi? (Mjini)

Hakuna pa kuuza. Dawa ipo, inaitwa zikonotaidi, iliidhinishwa Marekani mwaka 2004 kwa maumivu makali yasiyosikia dawa nyingine, na huingizwa kwenye maji ya uti wa mgongo. Asili yake ni Conus magus, lakini inatengenezwa maabara, bila konokono hata mmoja. Anayekuahidi bei kwa ndoo ya konokono hai anakutafutia kifo na hana mnunuzi.

Tunawauzia wageni makombe. Harufu tuitoeje? (Kendwa)

Harufu hiyo ni nyama ya mnyama aliyeuawa ili kombe liuzwe, na sitafundisha namna ya kuificha. Kombe lililotupwa na bahari halinuki, limechakaa, limepoteza mng'ao. Linalong'aa mezani kwenu lilitolewa hai. Papasi, yaani kijana anayezungusha watalii, anayempa mgeni konokono hai ashike apigwe picha anacheza na roho ya mtu. Mawe mnayopindua na kuyaacha yana vifuko vya mayai upande wa chini. Vikipigwa na jua vinakauka. Pindueni, tazameni, rudisheni lilivyokuwa.

Tunachokoa pweza usiku. Tahadhari ipi? (Mkoani)

Mchana wengi wao hujifukia mchangani au hukaa chini ya mawe. Usiku ndipo hutoka kuwinda. Tumieni mchokoo, si vidole, kwenye kila tundu. Vaeni viatu vya soli nene. Mtakachookota kiingie kwenye ndoo ya plastiki, si kwenye mfuko wa nguo wala kikapu kilichofungwa kiunoni.