Kusomea filamu kwa Werner Herzog ukiwa Kisumu: maswali yenu

Tangu nitaje ile kozi ya Herzog, yule mzee Mjerumani mwongozaji wa filamu, iliyotoka 2016 kwa MasterClass, tovuti ya masomo ya video, mmeuliza mengi. Nianze na haya.

*Niko Kondele na nina simu tu, hiyo kozi itanisaidia?*

Itakusaidia, lakini usiingie ukitafuta mambo ya lenzi na seting za kamera. Mzee anafundisha kufikiria, kwanza usome vitabu sana, anasisitiza hiyo mpaka unachoka, halafu utafute pesa yako mwenyewe usikae ukingoja prodyusa, na hiyo aliiishi kabisa, akiwa kijana alikuwa anachomelea vyuma usiku kiwandani ndio alipie filamu zake za kwanza. Simu inatosha kuanza.

*Anasema storibodi, ile michoro ya kila shoti kabla ya kushuti, ni ya waoga. Niache kuchora?*

Kama ni dokumentari, acha. Enda Dunga, ufuo wa wavuvi hapa Kisumu, alfajiri boti za omena zikirudi, zile taa walizovulia usiku ziko bado ndani, kina mama wanangoja na mabeseni, bei inaanza kubishaniwa hata kabla boti haijafika nchi kavu, sasa hapo ungechora nini ukiwa nyumbani? Simama, angalia nani anaongea sana na nani amenyamaza, ndio ushuti. Lakini kama una waigizaji na umekodi matatu kwa masaa mawili, chora, hata kwa daftari. Hapo mimi na mzee hatukubaliani.

*Sauti yangu inajaa upepo wa ziwa.*

Nunua maiki ya kubana kwa shati kabla ya kitu kingine chochote, uifunike na sponji. Huna pesa? Simu ya pili irekodi ikiwa mfukoni mwa shati la anayeongea, piga makofi mara moja mbele ya kamera ndio upate pa kuunganisha sauti na picha.

*Mzee amewahi kusema mtu ajue kufoji vibali, hata sisi tufanye hivyo?*

Hapana, tafadhali. Huku kuna Sura ya 222, sheria ya filamu, inataka leseni kabla ushuti filamu ya kuonyesha watu. Alafu Dunga uone mwenyekiti wa BMU, kikundi kinachosimamia ufuo, mapema, umweleze filamu inahusu nini, na wale kina mama uwaulize mmoja mmoja. Ukiingia na barua feki, mwenzako atakayekuja na kamera baadaye ndiye atafukuzwa.