dxgi.dll kwenye folda ya gemu: usiifute kabla hujaijua

Mkuu, umeuliza kama ile dxgi.dll uliyoikuta kwenye folda ya gemu ni kirusi, na hapo juu kuna jamaa kakushauri uifute halafu udaunlodi nyingine mtandaoni. Tafadhali usifanye hivyo. Mimi ni fundi kompyuta na haya mafaili nakutana nayo sana.

Dll ni faili la msimbo wa programu (code) ambalo programu nyingi zinatumia kwa pamoja. Gemu haiongei na kadi ya grafiksi moja kwa moja, inapitia d3d9.dll, d3d11.dll, dxgi.dll au opengl32.dll, na hizo Windows inakuja nazo, zipo kwenye folda yake ya System32 (za biti 32 kwenye Windows ya biti 64 zipo SysWOW64, majina yamekaa kinyume na wengi hupotea hapo). Sasa gemu ikiomba dxgi.dll bila kutaja njia kamili, Windows kwa kawaida inaangalia kwanza folda ya gemu yenyewe ndo iende System32. Kuna chache kama kernel32 zimo kwenye orodha maalumu ya Windows iitwayo KnownDLLs, hizo lazima zitoke System32 tu, ila hizi za grafiksi hazimo. Kwa hiyo mtu akitengeneza faili lake akalipa jina hilohilo akaliweka pembeni ya exe (faili linalowasha gemu), gemu inalipakia lenyewe, linafanya yake halafu linapitisha maombi kwa ile halisi. ReShade, programu ya kubadilisha mwonekano wa rangi za gemu, inafanya kazi hivyo. DXVK nayo inaingilia mlango huohuo ila yenyewe inageuza amri za Direct3D (lugha ya grafiksi ya Windows) kuwa za Vulkan (lugha ya grafiksi inayoeleweka hata kwenye Linux), na ndo inayowezesha gemu nyingi za Windows kucheza kwenye Linux.

Njia ya pili ya dll ngeni kuingia ni kuchomekwa ndani ya gemu ikiwa tayari inatembea. Steam inaingiza GameOverlayRenderer64.dll, RivaTuner, programu ya kuonyesha fps (idadi ya fremu kwa sekunde), inaingiza RTSSHooks64.dll. Karibu zote zinavizia funksheni moja, Present, maana kila fremu ikishachorwa gemu inaita Present ili picha iende kwenye skrini. Dll inaandika juu ya baiti za mwanzo za Present amri ya kurukia kwake, inachora namba zake za fps pembeni, kisha inarudisha kazi kwa Present ya kweli. Kwenye fps 60 hiyo inatokea mara 60 kila sekunde, kwa hiyo mbili zikigombania sehemu hiyohiyo gemu inaweza kuganda au kuzima kabisa.

Kuna laptop ya mteja ililetwa hivyo, sauti ya gemu inasikika lakini skrini nyeusi tii, wameshabadilisha draiva na kupiga Windows upya. Nikafungua Process Explorer (programu ya Microsoft ya kuangalia programu zinazotembea), nikachagua gemu, nikabonyeza Ctrl+D, orodha ya dll zote ikatoka na mle ndani kulikuwa na ya fps na ya kurekodi skrini. Tukazima ya kurekodi, picha ikarudi palepale.

Sasa ya kwako. Rait kliki hilo faili, Properties, nenda Details. Ikiandika ReShade, na pembeni yake kuna ReShade.ini, basi yaelekea ni modi ya rangi tu, sio kirusi. Ikiwa haina maelezo yoyote na gemu yenyewe ni ya kukraki, hapo ogopa kweli, maana hata watu wabaya wanautumia mlango huohuo, ipitishe VirusTotal (tovuti ya kukagua virusi kwenye mafaili) kwanza kabla hujafungua gemu tena. Na kama unacheza onlaini itoe hata kama ni salama, kuna antichiti (programu za kukamata wanaodanganya kwenye gemu) zinakufungia akaunti kwa dll ngeni tu.

Kuhusu zile tovuti za kugawa dll, achana nazo kabisa. Ya System32 ikiharibika, fungua cmd kama administreta uandike sfc /scannow, Windows itairekebisha. Hii ya kwako ibadilishe jina iwe dxgi.dll.bak, washa gemu, halafu tuwekee hapa ilivyoandika kwenye Details.