Kwa nini klarineti haifuati wimbo

Ndugu, umeuliza kwa nini klarineti, ile ala ya kupuliza, kwenye jazi ya zamani ya New Orleans, Marekani, inasikika kama ina wimbo wake yenyewe. Ndivyo inavyotakiwa. Wimbo unashikwa na koneti (ala inayofanana na tarumbeta) au tarumbeta, tromboni inajaza chini, na klarineti inazunguka juu yao kwa noti za haraka, ikipanda na kushuka ndani ya kodi (noti zinazopigwa pamoja) zilezile. Tarumbeta ikishikilia noti ndefu au ikipumua, hapo ndipo klarineti inapojibu.

Ala yenyewe inafaa kazi hiyo: chini ina sauti nzito, juu ni kali kiasi cha kupenya kelele za ala zote za shaba. Msikilize mpiga klarineti Johnny Dodds kwenye rekodi za 1923 za bendi ya King Oliver, kisha na mpiga tarumbeta Louis Armstrong katika bendi yake ya Hot Five kuanzia 1925. Mimi humpenda zaidi Dodds akishuka chini kwenye muziki wa bluzi, pale anapounguruma. Jimmie Noone, naye wa klarineti, ni laini zaidi. Alifundishwa na Lorenzo Tio Mdogo, Mkrioli (mtu wa asili mchanganyiko) wa New Orleans aliyewafundisha pia wapiga klarineti Barney Bigard na Omer Simeon.

Ukitaka kujaribu, usianze na mbio. Shika wimbo wote kichwani kwanza, kisha kodi zake, ndipo utafute noti zinazokaa juu ya tarumbeta bila kuikanyaga. Na mwenye tarumbeta akizidisha noti, wewe punguza. Wanaoanza hujaza kila nafasi mpaka hasikiki mtu.