Umepewa barua ya uhamisho na unajua ni kwa sababu ya kwenu? Soma hii kabla hujakataa kwenda

Mimi nimehamishwa mara tatu ndani ya miaka minne. Tulioajiriwa siku moja tulikuwa kumi na kitu, daraja lilelile, kazi ileile, ila walioguswa ni wawili tu, mimi na mwenzangu mmoja ambaye naye anatoka kwenye jamii kama yangu, zile ambazo ukitaja jina la ukoo tu mtu anakuangalia mara mbili. Barua zote zilikuwa na sababu moja, "kwa maslahi ya umma", basi, hakuna kingine.

Mara ya kwanza nilifanya ujinga, niligoma kuripoti. Nikakaa nyumbani wiki mbili nasubiri malalamiko yangu yajibiwe, kumbe ofisini washafungua faili la utoro kazini, yaani niliyeonewa ndo nikawa mtuhumiwa na habari ya ubaguzi ikafia hapohapo. Kwa hiyo we nenda karipoti, ila nenda na barua inayosema unatii agizo, hukubaliani nalo na umekata rufaa, na nakala yako igongwe mhuri wa mapokezi.

Halafu tukubali tu, mwajiri wa serikali ana haki ya kuhamisha mtu. Mahakama kwa kawaida zinaona uhamisho ni sehemu ya kazi, jaji haingilii eti kwa sababu umeumia, anataka aone nia mbaya au ubaguzi au utaratibu kuvunjwa. "Wananionea" haitoshi. Mara ya tatu nilikaa na daftari nikaandika nani aliajiriwa lini, amekaa kituo gani miaka mingapi, kahamishwa mara ngapi, bila tusi hata moja, nikaambatanisha na waraka wa ofisi yetu wenyewe unaosema mtu akae kituoni angalau miaka mitatu. Ukurasa mmoja tu. Ule ukurasa ulifanya kazi kuliko zile kurasa sita za hasira nilizoandika mwanzo (bado ninazo, nikizisoma naona aibu).

Kwenye sheria una pa kushika. Mkataba wa ILO (Shirika la Kazi Duniani) namba 111 wa mwaka 1958 unakataza ubaguzi kazini kwa rangi, jinsia, dini, siasa, na hata asili ya kijamii ya mtu, na nchi nyingi sana zimeuridhia, ukiutaja kwenye rufaa wanajua hujaja kulialia. India wameenda mbali zaidi, ibara ya 338 ya katiba yao ina tume kwa ajili ya zile jamii zilizokuwa zinatengwa kwa misingi ya tabaka, na ikichunguza lalamiko inaweza kuita mashahidi na kudai nyaraka kama mahakama ya madai. Lakini hata hukohuko Mahakama ya Juu ilisema mwaka 1996 kwamba tume hiyo haina mamlaka ya kutoa zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha jambo wakati lalamiko linachunguzwa. Unaona sasa kwa nini nakwambia uripoti? Tume itachunguza taratibu, faili la utoro halisubiri uchunguzi.

Angalia siku za rufaa, tena zihesabu kuanzia ulipopokea barua. Mwenzangu alikuwa na kesi nzuri kuliko yangu, akachelewa siku mbili, hadi leo yuko kulekule.

Ofisi kabidhi kwa maandishi, kila kitu hadi funguo, msaini wote wawili, maana mtu akitafutiwa kosa linaanziaga hapo. Posho ya uhamisho idai kabla ya kuondoka. Na kama hujajiunga na chama cha wafanyakazi jiunge saa hizi, usingoje barua, ukiingia siku ya msiba kila mtu anajua umefuata nini.

Mimi walinirudisha baada ya miezi saba. Hakuna aliyeniomba radhi, na barua ya kunirudisha nayo iliandikwa kwa maslahi ya umma.