Unatunga mmea wa sayari nyingine unaochezea muda? Anza na njaa yake

Kila stori ya sayari za mbali siku hizi ina mmea unaosimamisha saa, na mtu akinipa yake nisome swali langu huwa ni lile lile, huo mmea unapata nini? Mmea haufanyi kazi ya bure jamani. Kama unasimamisha muda ili tu shujaa ashangae, hapo umepanda pambo.

Mi naandika hizi stori muda sasa na kilichonisaidia kuliko vyote ni kusoma mimea ya hapa hapa duniani, maana inahesabu muda kuliko watu wanavyodhani. Chukua Dionaea, ule unaokula wadudu. Ndani ya mtego kuna vinywele vichache, mdudu akigusa mara moja hakuna kitu, akigusa tena ndani ya sekunde kama 20 hivi mtego unajifunga, na akizidi kufurukuta hadi kama mguso wa tano ndo unaanza kutengeneza vimeng'enya vya kumyeyusha. Yani umekaa pale unahesabu na ubongo hauna! Na mbona usubiri mguso wa pili? Kwasababu kufunga mtego ni gharama, tone la mvua likiufungisha bure nguvu imeenda. Gharama ndo imezaa saa.

Mifano ipo mingi, kuna mbegu ya mtende iliyochimbwa Masada, ngome ya kale kule Israeli, ikiwa na miaka kama 2000 na ikaota mwaka 2005, kuna mianzi inayokaa miongo mingi alafu inachanua yote kwa pamoja. Chagua tabia moja tu, kuhesabu au kusubiri au kuchanua kwa pamoja, alafu isogeze mbele hatua moja.

Wangu ninaoupenda unaota kwenye sayari ya baridi kali, ambako mzoga unachukua miaka kuoza na udongo hauna kitu. Kwahiyo chini ya majani yake mmea unakimbiza muda, kinachoanguka pale asubuhi jioni kimeshakuwa mboji. Gharama yake ni kwamba mizizi ya juu na majani ya chini nayo yanazeeka kwa kasi hiyo hiyo, kwahiyo kileleni ni mchanga kabisa na shinani ni kizee.

Hapo sasa usikimbilie vita wala mapenzi, kaa na kile kivuli cha chini ya majani ukichunguze. Muda ukienda haraka ndani, mwanga wa nje unaingia hafifu na umevutika kuelekea wekundu, na aliyechutama humo anaona wenzake nje wanatembea kama wamelewa usingizi. Akiingiza mkono peke yake je? Mkono unataka damu ya saa nzima na moyo uko nje unapiga wa dakika moja, vidole vitakufa ganzi kabla hajajua kuna nini. Hiyo sikuitunga kwa makusudi, ilikuja yenyewe nilipofuata mahesabu, na inatisha kuliko mnyama yeyote ningemleta.

Msomaji mbishi akikwambia muda hauwezi kwenda kasi mbili tofauti, mkumbushe saa za satelaiti za GPS, kwa siku zinatangulia za ardhini kwa maikrosekunde kama 38 na mainjinia wanazirekebisha ili ramani ya simu isipotee. Tofauti ni ndogo mno, ila ipo, we unaikuza tu.

Kurudi nyuma kwenye muda ndo sishauri. Mmea unaoweza kurudi jana kila ukiliwa jani hauna shida yoyote, na stori yako inakwama ukurasa wa pili. Kama umeng'ang'ania basi rudisha mbegu peke yake, tena msimu mmoja tu, na ikifika huko ikute mama yake bado anakula ile mboji ambayo yenyewe ingeihitaji.